Muulize Mjomba: Kwenye Picha Kuna Juri, Kwetu Kuna Nini?

Toleo lililopita niligusia tu, mistari minne hivi, kwamba picha za mahakamani nazipenda kuliko za ngumi. Sikujua kama nachokoza nyuki. Meseji zimeingia mpaka basi, nyingine za maana kabisa, nyingine ni watu wanataka niwawekee picha kwenye flashi (siweki, msiniombe). Nimechagua sita.

SWALI: Mjomba shikamoo. Mi dereva bajaji hapa Nkuhungu. Jumapili tulikuwa kwa kinyozi tunaangalia 12 Angry Men, ile ya zamani haina rangi, wanaume kumi na mbili wamefungiwa chumba kimoja, joto kali, wanabishana kama dogo kamuua babaake au hajamuua. Mwenzetu mmoja akasema hata Bongo ukishtakiwa mauaji unaweza kuomba juri, ni haki yako ila watu hawajui tu. Mi nikabisha. Tumewekeana kreti ya soda. Nani anakunywa?

MJOMBA: Marahaba. Kreti ni yako, ila mwachie mwenzio chupa mbili maana hajakosea moja kwa moja.

Tanzania hakuna juri. Hakuna raia kumi na mbili wanaokusanywa, wanasikiliza kesi afu wanaenda kujifungia na kutoka na jibu la ana hatia au hana. Anayeamua ni jaji au hakimu. Ila tumekuwa na watu wetu wanaitwa wazee wa baraza, kwa lugha ya sheria washauri wa mahakama, na hao ndo nadhani mwenzio alikuwa anawakumbuka bila kujua jina. Kwa miaka mingi kesi ya mauaji Mahakama Kuu ilikuwa haiendi bila wazee wasiopungua wawili, wanasikiliza mashahidi mwanzo mpaka mwisho, jaji anawafupishia kesi na kuwaelekeza sheria inasemaje, afu kila mmoja anatoa maoni yake kwa mdomo. Tofauti na juri ni kwamba jaji alikuwa hafungwi na maoni yao, wanaweza kusema wote hana hatia na yeye akaona anayo, bora tu aandike sababu. Mwaka 2022 sheria ikarekebishwa, sasa hivi jaji halazimiki kukaa nao.

Ukiuliza kwa nini sisi tulipewa wazee na sio juri, mwulize mkoloni. Jirani zetu Kenya enzi hizo Mzungu akishtakiwa kesi kubwa alikuwa na haki ya juri ya Wazungu wenzake, Mwafrika akawekewa washauri. Muundo ni mmoja, heshima mbili.

Kwenye Mahakama ya Mwanzo mambo yalikuwa tofauti kidogo na watu wengi hawajui. Kule kwa miaka mingi kura ya mzee wa baraza ilikuwa inahesabika kweli, hakimu na wazee wakitofautiana wengi ndo wanashinda. Nalijua hili kwa sababu marehemu baba mkubwa alikuwa mzee wa baraza kule upande wa Bahi, mahakama yenyewe siitaji. Siku ya kesi alikuwa anavaa koti lake la kahawia hata kama jua linakausha zabibu mtini, anapanda baiskeli, mfukoni kalamu na daftari la hesabu lile la mraba.

Kesi moja alinisimulia mpaka nimeishika kama nilikuwepo. Mbuzi wawili. Mlalamikaji anasema nilimtambua mbuzi wangu kwenye zizi la mshtakiwa kwa alama ya sikio, sikio la kushoto lina mkato. Wagogo wenzangu mambo ya alama mnayajua. Baba mkubwa akaomba nafasi, akauliza swali moja tu: kushoto kwako wewe ukimwangalia usoni, au kushoto kwa mbuzi mwenyewe? Yule bwana akanyamaza. Akashika sikio lake, akageuka kama anampa mtu mgongo, akashika la pili. Watu waliokaa kwenye mabenchi nao wakaanza kujishika masikio. Mwanzo akasema kushoto kwa mbuzi, afu akasema hapana kushoto kwangu, mwisho akasema sikumbuki ila mbuzi ni wangu.

Kwenye picha hapo muziki ungepanda na jamaa anaachiwa. Wapi! Walipoenda kujadiliana baba mkubwa akasema mimi nina shaka, hakimu na mzee mwenzie wakasema aah, nani asiyemjua mbuzi wake. Wawili kwa mmoja, jamaa akatiwa hatiani, akalipa faini. Nilimuuliza baba mkubwa, kwa hiyo hakuiba? Akanijibu, sijui. Na hicho ndo kitu kilekile anachofanya yule mtu wa kwenye picha yenu, kura imepigwa ni kumi na moja kwa moja, wenzie wanamkodolea macho, na yeye hasemi dogo hajaua, anasema sijui, naomba tuongee kwanza kabla hatujampeleka mtoto wa watu kwenye kiti cha umeme. Angalieni tena hapo kwa kinyozi mtaona, mpaka picha inaisha hakuna anayejua nani kaua. Wewe na wenzio mlikuwa mnabishana kama dogo kaua, na wao ndo walivyoanza.

SWALI: Kwa nini kumi na mbili, na lazima wote wakubaliane? (Kidato cha sita, Kondoa)

MJOMBA: Kumi na mbili ni desturi ya Waingereza ya karne nyingi, hakuna sayansi hapo. Scotland wanatumia kumi na tano, na kwa miaka mingi ilikuwa wengi wape. Uingereza tangu 1967 kumi kati ya kumi na mbili wanatosha wakishindwa kukubaliana wote. Ufaransa raia wanakaa pamoja na majaji chumba kimoja. Marekani ndo wanataka wote kwenye kesi nzito, ila hata huko majimbo mawili, Louisiana na Oregon, yaliwahi kuruhusu kumi kwa mbili kwenye kesi nyingi, mwaka 2020 Mahakama ya Juu ikakataa kabisa.

Na usidhani juri ni malaika. Mwaka 1955, miaka miwili tu kabla 12 Angry Men haijatoka mwaka 1957, juri ya wanaume Wazungu watupu huko Mississippi iliwaachia watu wawili walioshtakiwa kumuua Emmett Till, mtoto mweusi wa miaka 14. Walijadiliana kama saa moja hivi. Baadae wale wawili wakakiri wenyewe gazetini, na hakuna kesi ya pili maana huwezi kushtakiwa mara mbili kwa kosa ulilofutiwa.

Ila pia kuna ile ya London 1670 ambayo mi naipenda sana. Juri imegoma kumtia hatiani mhubiri mmoja, William Penn, jaji kakasirika kawafungia bila chakula wala maji ili wabadilishe, hawakubadilisha, akawapiga faini na kuwapeleka jela. Mmoja wao, Edward Bushell, akagoma kulipa, akapeleka malalamiko juu, na tangu hapo ikawa marufuku kumwadhibu mwanajuri kwa sababu ya uamuzi wake. Picha ya hilo sijaiona, mwenye nayo aseme.

SWALI: Mjomba, nasoma sheria hapo UDOM mwaka wa tatu. Mbona mnaisifia sana hiyo 12 Angry Men wakati yule stelingi anavunja sheria waziwazi? Anatoka kwenda kununua kisu kinachofanana na kile cha ushahidi, anakuja kukichomeka mezani. Mwanajuri haruhusiwi kujitafutia ushahidi.

MJOMBA: Umenikamata. Ni kweli kabisa, na kwa haki ingekuwa kesi inafutwa na kuanza upya. Mwanajuri anatakiwa aamue kwa kilichosemwa mahakamani basi, maana kile kisu hakuna wakili aliyekiona, hakuna aliyepata nafasi ya kumuuliza kakinunua wapi na lini. Leo ni hakikisho la kwamba dogo kaonewa, kesho mwanajuri mwingine anaenda mtaani anarudi na umbea unaomnyonga mtu.

Na wewe unasoma sheria hebu kaangalie hukumu za Mahakama ya Rufani ya kwetu uone ugonjwa ni uleule. Kesi ngapi za mauaji zimefutwa kule juu na kuamriwa zianze upya kwa sababu tu wazee wa baraza walimhoji shahidi kama mawakili, kumbana na kumtega, wakati kazi yao ni kuuliza maswali ya kuelewa tu. Au jaji hakuwaelekeza vizuri. Mtu amekaa mahabusu miaka, kahukumiwa, kakata rufaa, anaambiwa turudi mwanzo. Kwa hiyo lile swali la baba mkubwa la kushoto kwa nani lilikuwa kwenye mstari kabisa, lakini angeendelea na la pili na la tatu, sijui.

Ila nikwambie kitu, kisu sio moyo wa picha. Moyo ni yule mama shahidi aliyedai kaona mauaji usiku kupitia madirisha ya treni inayopita, na mzee mmoja wa kwenye juri anakumbuka kwamba pembeni ya pua ya yule mama kulikuwa na alama mbili, anazikumbuka kwa kuwa kamwona mwenzie hapo mezani anajisugua palepale baada ya kuvua miwani. Nani analala na miwani? Hicho hakijatoka nje, wote kumi na mbili walikuwa wamekiona kwa macho yao mahakamani na kumi na moja hawakukitilia maanani. Hapo sheria haijavunjwa hata kidogo. Ukiwa wakili nenda na hiyo, kisu kiache kwa wauza bucha.

SWALI: Mjomba, mi sio mtu wa picha sana, nasoma tu ukurasa wako kwa mwanangu wa kike. Kijana wangu mkubwa yuko mahabusu huu mwaka wa pili kwa kesi ya mauaji, kila tukienda tunaambiwa upelelezi haujakamilika. Kwenye hizo picha mbona kesi inaisha siku mbili? Kuna picha inayoonesha hili la kwetu? (Mama, Makole)

MJOMBA: Pole sana mama yangu. Kwenye picha mtu anakamatwa, sekunde tatu baadae ana suti mpya yuko kizimbani. Katikati pale wanapakata, kwa sababu hakuna mtu atakayelipa hela kukaa kuangalia foleni ya mahabusu na makopo ya uji, na katikati pale ndo kijana wako alipo.

Ngoja nikufafanulie kwanza unachokiona kila ukienda. Kesi ya mauaji inafunguliwa kwenye mahakama ya chini lakini ile mahakama haina mamlaka ya kuisikiliza, ndo maana siku ya kwanza alisomewa shtaka akaambiwa hatakiwi kujibu chochote. Kila baada ya wiki mbili hivi analetwa kwa ajili ya kutajwa, na kutajwa sio kusikilizwa. Hakuna shahidi siku hiyo, usipoteze nauli kuleta watu. Upelelezi ukikamilika ndo jalada linapanda Mahakama Kuu. Dhamana kwa mauaji haipo. Wakili kwenye kesi ya mauaji Mahakama Kuu serikali inampa kama familia haina uwezo, na kabla ya hapo ipo Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, kaulize wasaidizi wa kisheria wa wilaya, ofisi ya maendeleo ya jamii watakuelekeza walipo. Chukua namba ya jalada, andika tarehe zote mlizotajiwa kwenye daftari. Sema hivyo hivyo kwa adabu, Mheshimiwa ni tarehe ya ngapi hii. Katiba yetu ibara ya 13 inakataza mtu kutendewa kama mwenye hatia kabla haijathibitika, na ibara ya 107A inawataka mahakama wasicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Sio maneno yangu, yameandikwa.

Picha sasa. Watu wa umri wako mtakuwa mmeiona Damini ya Wahindi, ya 1993, kuna pahali wakili Sunny Deol anapasuka mbele ya jaji, tarehe juu ya tarehe, tarehe juu ya tarehe, haki hatupati tunapata tarehe tu. Huku tunasema kesi inapigwa kalenda. Nasikia hata watu wasiojua Kihindi wanalijua hilo tamko.

Nyingine ni Just Mercy ya 2019, ya kweli ile. Walter McMillian, mtu mweusi wa Alabama, aliwekwa sehemu ya wanaosubiri kunyongwa kabla hata kesi yake haijasikilizwa. Kesi yenyewe ilichukua siku moja na nusu. Juri ikampata na hatia ikapendekeza kifungo cha maisha, jaji akaipuuza akampa kifo, sheria ya kule ilikuwa inamruhusu, wameifuta 2017. Mashahidi waliosema alikuwa nyumbani kwake siku hiyo na majirani zake wakiuza samaki wa kukaanga hawakuaminiwa. Alitoka 1993 baada ya miaka sita, kwa kazi ya wakili kijana Bryan Stevenson. Usiiangalie peke yako mama, muite binti mkae wote.

Na kwa kuwa wengine wataniuliza: sheria yetu ya mauaji imekuwa na adhabu moja tu, kunyongwa, jaji hana pa kupima. Mahakama ya Afrika pale Arusha ilisema Novemba 2019, kwenye kesi ya Ally Rajabu na wenzake, kwamba kumlazimisha jaji hivyo kunavunja haki ya kuishi. Kwa vitendo Tanzania haijamnyonga mtu tangu miaka ya 1990. Watu wanakaa tu wanasubiri. Kwenye 12 Angry Men pia jaji anawaambia mwanzoni kabisa kwamba akipatikana na hatia ni kifo, hakuna namna, anaisema kwa sauti ya mtu aliyechoka anataka kwenda kula.

SWALI: Mbona hakimu wetu hana nyundo? (Sabasaba)

MJOMBA: Nyundo ni ya Wamarekani. Hata majaji wa Uingereza hawana, ni picha tu zimetudanganya. Kwetu karani akipaza sauti "Kooorti!" hata mwenye goti bovu anasimama, nyundo ya nini tena.

SWALI: Mjomba hizi zote za Wazungu na Wahindi. Za Waafrika hakuna? Na za haki za watu wengi, sio mtu mmoja na kisu. (Mwalimu, Mpwapwa)

MJOMBA: Ipo moja naitafutia watu wa kuiangalia nao na wote wanasinzia. Inaitwa Bamako, ya 2006, ya Abderrahmane Sissako. Mahakama imewekwa uani, ua wa nyumba ya kawaida kabisa huko Mali, ni ua wa nyumba ya baba yake huyo mwongozaji. Majaji na majoho yao, mawakili, mafaili kwenye meza za plastiki, na washtakiwa ni Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa, wanashtakiwa kwa madeni na masharti yaliyoua shule na hospitali na reli. Na pembeni maisha yanaendelea, wamama wanatia nguo rangi kwenye masufuria, harusi inapita katikati ya ushahidi, mtu anaumwa chumba cha pili. Hakuna juri, hakuna stelingi. Mwalimu nakuonya mapema, inakwenda polepole kama gari la Mpwapwa enzi za masika.

Mwanzoni kabisa kuna mzee wa kijijini anaenda kusimama mbele aongee, anaambiwa subiri zamu yako haijafika. Anarudi kukaa. Picha inakwenda, wasomi wanaongea Kifaransa chao kizuri, mzee kakaa tu. Karibu na mwisho anainuka bila kuitwa na anaimba. Haongei, anaimba malalamiko kwa lugha yake, na mwongozaji makusudi hajaweka tafsiri chini. Huelewi neno hata moja na mwili unasisimka.

Hiyo sehemu kila nikiiona nakumbuka siku niliyomsindikiza jirani kwenye kesi ya shamba, baraza la ardhi, la wapi tuache. Siku hizi sheria tangu 2021 inataka Kiswahili ndo kiwe lugha ya mahakama na tunashukuru, Makao Makuu ya Mahakama yenyewe yako hapa Dodoma, ila kuna mabibi zetu Kiswahili chenyewe wanakisikia redioni tu. Bibi mmoja akasimama, akaongea Kigogo dakika tano nzima, mikono inaonesha mti ulipokuwa, korongo lilipokuwa, marehemu mumewe alipozikwa. Akamaliza. Mkalimani akasema: "Anasema shamba ni lake."

Bibi akamgeukia, akamwambia kitu kifupi, waliokaa nyuma wakaangua kicheko. Mwenyekiti akauliza, anasemaje? Mkalimani akakohoa kwanza. "Anasema nimemla maneno yake, Mheshimiwa." Mwenyekiti akaweka kalamu chini, akawaangalia wazee wa baraza wawili waliokaa nae, mmoja wao alikuwa bado anacheka, akasema basi mama aanze upya, na aende polepole.